Maswali ya Wasomaji: Muda Tunaouokoa Huenda Wapi?

Tulipowaomba wasomaji watuandikie kuhusu namna wanavyobanwa na shughuli za maisha ya sasa, tulitarajia kuulizwa mbinu za kufanya mambo haraka zaidi. Barua nyingi zimeuliza jambo zito kuliko hilo: kwa nini mtu anayeokoa muda kila siku hauoni muda huo mkononi mwake. Nimechagua barua saba, nimezifupisha zilizokuwa ndefu, na majina ya waandishi nimeyaacha kama walivyoomba.

SWALI: Ndugu Mshauri, mimi ni mama wa watoto watatu na nimeajiriwa. Zamani nilifua kwa mikono, nilipanga foleni benki, na bili zote nilizifuata kwa miguu. Leo nina mashine ya kufulia na bili nazilipa kwa simu nikiwa nimekaa. Kwa hesabu yangu ningepaswa kuwa na nafasi kubwa kuliko zamani, lakini jioni inanikuta hoi na kazi hazijaisha. Je, vifaa hivi vinaokoa muda kweli, au tunajidanganya?

JIBU: Mama, vinaokoa, na hesabu yako ni sahihi. Linalokusumbua ni kile kinachotokea baada ya muda kuokolewa, na katika hilo hauko peke yako. Mwaka 1974 mtafiti Joann Vanek alilinganisha takwimu za kazi za nyumbani nchini Marekani, akaonyesha kwamba wanawake wasiokuwa na ajira nje ya nyumba walitumia takriban saa 52 kwa wiki katika kazi hizo miaka ya 1920, na takriban saa 55 katika miaka ya 1960. Kati ya vipindi hivyo viwili nyumba nyingi za huko zilikuwa zimepata umeme, maji ya bomba, majokofu na mashine za kufulia, na bado saa hazikupungua.

Mwanahistoria Ruth Schwartz Cowan alieleza mwaka 1983 jinsi jambo hilo lilivyowezekana. Viwango vya usafi vilipanda kadiri kufua kulivyokuwa rahisi, hivyo nguo zikawa zinabadilishwa na kufuliwa mara nyingi zaidi. Kazi iliyokuwa ikipelekwa kwa dobi ikarudi nyumbani, na zile zilizokuwa zikifanywa na waume, watoto au watumishi zikaangukia mikononi mwa mama mmoja, kwa kuwa sasa kulikuwa na mashine ya kumsaidia. Mashine iliondoa sulubu, na hiyo ni neema kubwa ambayo nisingependa mtu yeyote aidharau, lakini haikuamua saa zilizobaki zitumiweje. Kwa kuwa hakuna mwingine aliyeamua, kazi yenyewe ikajiamulia. C. Northcote Parkinson, akiandika mwaka 1955 kuhusu ofisi za serikali ya Uingereza, alisema kwamba kazi hutanuka hadi ikajaza muda wote uliopo wa kuifanya, na nadhani maneno hayo yanaifaa nyumba sawasawa na yanavyoifaa ofisi.

Fedha ukiiweka leo utaikuta kesho, lakini dakika haina pa kuwekwa. Ikipatikana bila kuwa na mwenyewe, huchukuliwa papo hapo na jambo lililo karibu zaidi, na jambo hilo kwa kawaida ni kazi nyingine au simu. Kwa sababu hiyo nakushauri usianze kwa kutafuta kifaa kingine cha kuokoa muda. Anza kwa kuutaja muda ambao tayari unaokolewa. Ukijua kwamba mashine itazunguka kwa dakika arobaini, amua kabla hujaiwasha kwamba dakika hizo ni za kulala kidogo, au za kukaa na mtoto wa kati ambaye huwa anasahaulika, na uwaambie wote nyumbani kwamba wakati huo una kazi nyingine. Kisha vichunguze viwango vyako bila kujionea haya: ni nguo zipi zinazopigwa pasi bila mtu kuhitaji, ni mapazia gani yanafuliwa kila mwezi ilhali hakuna angeona tofauti kama yangefuliwa kila baada ya miezi mitatu? Na jambo la mwisho nalisema wazi, kwa sababu barua yako haikumtaja mtu mwingine yeyote anayefanya kazi humo ndani: mtoto aliyefikisha umri wa kutumia simu ana umri wa kubonyeza mashine ya kufulia, na baba yake pia.

SWALI: Ninafanya kazi ya uhasibu katika ofisi yenye watu wengi. Kila baada ya dakika chache kuna ujumbe, barua pepe au mtu anayeniuliza swali dogo. Nimejizoeza kufanya mambo mawili au matatu kwa wakati mmoja ili niokoe muda, na wenzangu husema nina kasi. Hata hivyo nikifika nyumbani siwezi hata kusoma gazeti. Nifanye nini?

JIBU: Ndugu yangu, wenzako wanaosema una kasi huenda wanasema kweli, na hapo ndipo mtego ulipo. Mtafiti Gloria Mark na wenzake walichapisha mwaka 2008 jaribio ambalo watu waliokatizwa mara kwa mara katika kazi ya ofisini walimaliza kazi yao kwa muda mfupi kuliko wasiokatizwa. Walifidia usumbufu kwa kukimbia. Lakini walipoulizwa hali zao, walieleza msongo mkubwa zaidi, kero zaidi, hisia kali zaidi ya kubanwa na muda, na juhudi kubwa zaidi. Gharama ya kasi ile haikuonekana kwenye saa, ilionekana kwa mtu, na gazeti lako lisilosomeka jioni ni sehemu ya gharama hiyo.

Mwaka uliofuata, 2009, Sophie Leroy alionyesha jambo jingine linalokuhusu moja kwa moja kama mhasibu. Mtu anapoacha kazi moja kabla haijaisha na kuingia nyingine, sehemu ya mawazo yake hubaki kwenye ile ya kwanza, na ile ya pili hufanywa kwa akili pungufu. Katika hesabu, akili pungufu huzaa kosa, na kosa moja la tarakimu linaweza kukugharimu asubuhi nzima ya kulitafuta. Kile unachokiita kufanya mambo matatu kwa wakati mmoja, kwa kazi za kufikiri, kwa kawaida ni kurukaruka kati ya mambo matatu, na kila mruko una ushuru wake.

Usijaribu kuzuia kila usumbufu, kwa sababu ofisi ina haki ya kukufikia. Tafuta kwanza makubaliano na msimamizi wako: jambo la dharura halisi liletwe kwa kupigiwa simu, na yote mengine yasubiri nyakati utakazozitaja, kwa mfano katikati ya asubuhi, baada ya chakula cha mchana, na nusu saa kabla ya kufunga. Arifa za simu na kompyuta zizime kati ya nyakati hizo. Watu wengi huona aibu kuomba utaratibu kama huu, wakidhani wataonekana wavivu au wenye kiburi, lakini msimamizi anayejali usahihi wa vitabu vyake hatakuwa na sababu ya kukukatalia ukimweleza kwamba utamjibu kila mtu siku ileile. Ukilazimika kuacha kazi katikati, tumia nusu dakika kuandika kwenye karatasi umefika wapi na hatua inayofuata ni ipi. Leroy alirudi kwenye suala hili mwaka 2018 akiwa na Theresa Glomb, na wakaona kwamba maandishi mafupi ya namna hiyo humsaidia mtu kuiweka kando kazi aliyoiacha na kuikabili vizuri iliyo mbele yake. Nimekuandikia hilo kwa kirefu kwa sababu ni jambo dogo ambalo halihitaji ruhusa ya mtu yeyote.

SWALI: Shikamoo Mshauri. Mimi ni mwanafunzi na mitihani iko karibu. Nimepunguza usingizi hadi saa nne kwa usiku ili nipate muda wa kusoma, na ninaona nimezoea. Rafiki zangu wananiambia nitaumia. Nani yuko sahihi?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Rafiki zako. Hans Van Dongen na wenzake walifanya utafiti uliochapishwa mwaka 2003, ambamo watu wenye afya walilala saa nne, sita au nane kila usiku kwa siku 14 mfululizo. Waliolala saa sita au pungufu walifikia mwishoni kiwango cha udhaifu wa akili kinacholingana na mtu aliyekesha hadi usiku mbili bila kulala kabisa. Linalotisha zaidi ni kwamba wao wenyewe hawakujua; usingizi waliouhisi haukuongezeka sambamba na kushuka kwa uwezo wao. Unapoandika kwamba umezoea, unaeleza hali ileile waliyokuwa nayo.

Muda wa kusoma upo, ila si kitandani pa kuutafutia. Wanafunzi wengi hutumia saa nyingi kurudia kusoma daftari lilelile, kwa kuwa ukurasa uliousoma mara tatu unaonekana kama unaujua. Henry Roediger na Jeffrey Karpicke walionyesha mwaka 2006 kwamba baada ya wiki moja, waliokuwa wamejipima kwa kukumbuka bila kuangalia walibaki na mengi kichwani kuliko waliokuwa wamerudia kusoma, ingawa dakika chache baada ya somo waliorudia kusoma ndio waliofanya vizuri. Kwa hiyo soma mara moja kwa makini, funga daftari, andika yote unayoyakumbuka, kisha fungua uone ulipopotea. Saa moja ya namna hiyo ina manufaa kuliko usiku mzima wa kupitisha macho juu ya maandishi. Lala leo, mwanangu, usingojee mitihani iishe.

SWALI: Mimi ni mfanyabiashara na ninaendesha gari kila siku. Nikiongeza mwendo kwenye barabara kuu ninaokoa muda mwingi. Mke wangu hapendi. Unasemaje?

JIBU: Naona vema tufanye hesabu pamoja. Kipande cha kilomita 20 kwa mwendo wa kilomita 80 kwa saa huchukua dakika 15, na kwa mwendo wa kilomita 100 kwa saa huchukua dakika 12. Umeokoa dakika tatu, na kwa dakika hizo tatu nguvu ya gari lako wakati wa kugonga imeongezeka kwa zaidi ya nusu, kwa sababu nguvu hiyo hukua kwa mraba wa mwendo. Umbali linaouhitaji gari kusimama baada ya breki kukanyagwa nao hurefuka kwa kiwango hichohicho. Geuza sasa upande wa pili: kipande hichohicho ukikipita kwenye msongamano kwa kilomita 20 kwa saa ni saa nzima, na kwa kilomita 30 ni dakika 40. Muda wako unapotelea kwenye foleni, wala si kwenye barabara iliyo wazi, na unapatikana kwa kuondoka nyumbani kabla foleni haijaanza. Msikilize mkeo.

SWALI: Mume wangu na mimi tunafanya kazi hadi usiku. Tunaweza kumudu kumlipa mtu wa kutusaidia usafi mara moja kwa wiki, lakini mama mkwe anasema ni uvivu kulipia kazi ambayo mikono yetu inaweza kuifanya. Nimebaki na hatia.

JIBU: Dada yangu, hatia hiyo ina watu wengi. Ashley Whillans na wenzake walichapisha mwaka 2017 utafiti uliohusisha zaidi ya watu 6,000 katika Marekani, Kanada, Denmark na Uholanzi, na wakaona kwamba wanaotumia fedha kujipatia muda huridhika zaidi na maisha yao. Katika jaribio moja walilofanya Vancouver, watu wazima 60 wenye ajira walipewa dola 40 watumie kununua kitu, na wikiendi nyingine dola 40 watumie kujiokolea muda. Walikuwa na furaha zaidi siku waliyojiokolea muda. Kumlipa mtu kwa kazi halali hakuwezi kuitwa uvivu, hasa kwa watu wanaorudi nyumbani usiku.

Nina masharti mawili, hata hivyo. La kwanza ni lile nililomwambia mama wa watoto watatu: asubuhi mnayoinunua muipangie kazi yake, la sivyo mtaitumia kwenye simu, kila mtu na yake, na mtakuwa mmelipa bure. La pili linahusu yule mtakayemwajiri, ambaye naye ana nyumba na watoto. Saa zake ni saa kama zenu. Mlipeni ujira unaostahili, mweleweshe kazi kwa wakati ili asirudie, na mkiahirisha siku mjulisheni mapema au mlipeni siku hiyo. Muda unaopatikana kwa kumpotezea mwingine wake sioni haki ya kuuita umeokolewa. Kuhusu mama mkwe, usibishane naye. Mwalike asubuhi moja mkae naye mkiwa hamna haraka, na naamini hilo litamweleza mengi kuliko mimi.

SWALI: Baba yangu ni mzee na anaishi mbali. Nikimpigia simu husimulia mambo yaleyale kwa muda mrefu. Nimeanza kujibu ujumbe wa kazi huku nikimsikiliza ili muda usipotee. Je, ni vibaya?

JIBU: Ndiyo, ni vibaya, na nadhani unajua, ndiyo maana umeandika. Muda wa kuzungumza na mzazi hauko kwenye fungu la muda wa kuokolewa. Ni miongoni mwa mambo yanayoupa uokoaji wa muda maana yake. Mpunguzie idadi ya simu kama huna budi, lakini usimpunguzie usikivu. Chagueni siku na saa ambayo wote mna nafasi, weka kazi mbali, na kama masimulizi ni yaleyale muulize yale ambayo hakuyasimulia: nani alikuwepo siku hiyo, alifanya kazi gani kabla hujazaliwa, alimwogopa nani shuleni. Wazee wengi hurudia hadithi kwa sababu hakuna anayewauliza nyingine.

SWALI: Mimi ni fundi cherehani. Sipendi kuwadanganya wateja, lakini kila ninapoahidi siku, nguo haiko tayari, na mteja anarudi mara mbili au tatu. Nafanya kazi hadi usiku na bado nachelewa. Wanasema mafundi ni waongo. Nisaidie.

JIBU: Fundi, sidhani kwamba wewe ni mwongo, na kuna ushahidi wa kukutetea. Mwaka 1994 Roger Buehler, Dale Griffin na Michael Ross waliwaomba wanafunzi wa chuo kikuu wakadirie siku watakazomaliza tasnifu zao. Kwa wastani walikadiria siku 34 hivi, na wakatumia zaidi ya 55. Waliombwa pia wakadirie iwapo kila jambo litaharibika kwa kadiri inavyowezekana, wakasema takriban siku 49, na hata huko hawakufika kwa wakati. Daniel Kahneman na Amos Tversky walikuwa wameshaeleza mwaka 1979 chanzo cha kosa hili: mtu anapokadiria, huitazama kazi iliyo mbele yake hatua kwa hatua kana kwamba hakuna kitakachomzuia, na huacha kutazama kazi zilizopita ambazo zilizuiwa na umeme kukatika, uzi kuisha, mtoto kuumwa au mteja wa harusi aliyekuja ghafla. Kila kizuizi huonekana kuwa bahati mbaya ya siku ile tu, kumbe kila wiki huwa na chake.

Kwa hiyo mteja anapokuuliza lini, usiiangalie nguo. Fungua daftari. Kama huna, anza leo kuandika kwa kila nguo siku uliyoipokea, siku uliyoiahidi na siku iliyochukuliwa. Baada ya wiki chache utajua kwamba gauni la aina fulani kwa kweli hukuchukua siku tisa, hata kama mikono yako huishona kwa siku mbili, na utaahidi siku kumi bila wasiwasi. Utapoteza wateja wachache wanaotaka kesho. Hao ungewapoteza vilevile kesho hiyo ikifika na nguo haipo, tena wakiwa na hasira.

Nakuomba pia uhesabu upande wa pili wa kaunta. Mteja anayerudi mara tatu kufuata nguo moja ametumia nauli na sehemu ya siku yake ya kazi, na huenda ameomba ruhusa kwa mwajiri asiyependa kuombwa. Ukiwa na wateja kumi wa namna hiyo kwa mwezi, kuchelewa kwako kumekula siku za watu ambazo hakuna wa kuwarudishia. Ukigundua Jumatatu kwamba nguo ya Jumatano haitakuwa tayari, mpigie simu Jumatatu hiyohiyo, umtajie siku mpya kutoka kwenye daftari, na siku hiyo usipokee kazi nyingine ya haraka mpaka yake iwe imekunjwa na kuwekwa kando.